Miti ya Mama Upande wa Pili wa Ua

Hapa Embu ninapoishi, nikiwaona watu wamekaa vibarazani wakitafuna muguka, ile miraa ya majani, wameyabugia shavu limevimba, huwa nacheka peke yangu. Marehemu baba alikuwa akisema watu wa huku wanakula kama mbuzi kwa sababu hawana subira ya kumenya. Nimeolewa huku, nafundisha huku, wanangu wanaongea Kiembu kuliko Kimeru, lakini pua yangu haijahama. Bado inaijua harufu ya miraa iliyochumwa alfajiri na kufungwa ndani ya majani ya mgomba yenye umande. Nikiinusa harufu hiyo sokoni nakumbuka kwetu, juu kwenye vilima vya Nyambene, mwendo mfupi wa bodaboda kutoka Laare. Nakumbuka miti yetu, na nikishaikumbuka miti hiyo nakasirika. Ndivyo nilivyo. Sijui kukumbuka kitu nikiwa nimetulia.

Miti yenyewe ilikuwa mizee, ile tunayoiita mbaine, mashina yamejaa vifundo na kugeuka kijivu. Baba aliirithi kwa babu, na babu kwa babake. Ajabu yake ni kwamba haikuwa kwenye shamba letu. Ilikuwa upande wa pili wa ua wa miti ya mikungugu, ndani ya shamba la baba mdogo.

Mgeni akisikia hivyo hudhani kuna mtu aliibiwa. Hakuna aliyeibiwa. Babu alipogawa mali yake, sehemu ya chini inayoelekea mtoni alimpa mdogo, lakini miti iliyosimama hapo akamwachia mkubwa, ambaye ni baba. Kwetu jambo hilo halikuwa la kushangaza. Ardhi ni kitu kimoja na mti ni kitu kingine, na mtu anaweza kuwa na mti wake kwenye shamba la mwenzake maisha yake yote bila ugomvi, mradi watu wawili hao wawe wanasalimiana. Hakuna aliyeandika popote. Nani angeandika jambo ambalo hata mbwa wetu walilijua?

Siku za kuchuma, baba alipita kwenye pengo la ua na vijana wake wachumaji kukiwa bado na ukungu, na baba mdogo akawa ameshakata majani ya mgomba na kuyapanga chini. Mmoja anachambua, mwingine anafunga, na wakati wote wanabishana kuhusu mambo ya kipuuzi, kwa mfano nani kati yao alikuwa hodari zaidi wa kucheza densi ujanani. Sisi wanawake hatukugusa mti. Miraa ni zao la wanaume, mwanamke hapandi juu wala hachumi, kwa hiyo mama alileta chai na viazi vikuu vya kuchemsha, akaketi pembeni kuwacheka. Halafu pikapu ya kuiwahisha miraa sokoni inapiga honi barabarani na kila mtu anakimbia kama nyumba inaungua. Ikishaondoka, kimya kile, jua likianza kupenya, na chai iliyobaki ikigawiwa watoto! Sijawahi kunywa chai nyingine kama ile, na nimekunywa nyingi.

Watoto tulikuwa mimi na dada zangu, pamoja na mtoto wa kiume wa baba mdogo. Huyo alikula kwetu kuliko kwao. Mama alikuwa na mkono wa kupika na mamake hakuwa nao, na mamake mwenyewe alikuwa akikiri hivyo bila haya. Mama alimwita "wangu". Alipoumwa surua alilazwa kwenye kitanda cha mama, si cha kwao. Nalisema hili mapema ili ijulikane ni nani aliyekuja baadaye na msumeno.

Baba alikufa, na haikupita miaka mingi baba mdogo akamfuata. Mama akabaki mjane mwenye mabinti tupu, wote tumeolewa mbali. Binamu akarithi shamba la chini na kupata hati yenye jina lake. Hati ya shamba inataja namba na ukubwa. Haiulizi miti iliyomo ni ya nani. Mwanzoni aliwaacha wachumaji wa mama wapite kama zamani. Kisha soko la miraa likayumba, watu wakaanza kusifia maparachichi ya kuuza ng'ambo, na binamu akataka shamba tupu. Asubuhi moja wachumaji walikuta pengo la ua limezibwa kwa waya wa miiba.

Mama alimwita nyumbani wakaongea. Binamu hakumtukana, alimwambia kwa adabu zote kwamba yeye anaheshimu mila, lakini sheria siku hizi inafuata hati, na angeikata miti ile mwezi utakapokwisha. Akanywa chai yake akaondoka. Mama aliniambia kwenye simu kwamba kilichomuuma zaidi ni ile chai, kwamba aliimaliza.

Mtu atauliza kwa nini hakwenda kwa wazee. Wazee wetu ni watu wa heshima, siwasemi vibaya, lakini mbele ya baraza lao mwanamke husimama nyuma ya mwanamume wake. Mama hakuwa na mume wala mtoto wa kiume. Mwanamume wa karibu kabisa aliyepaswa kumsemea alikuwa ni binamu huyo huyo. Basi mama akaamua kwenda polisi. Alikuwa mtu wa aina hiyo, mlango mmoja ukifungwa anagonga wa pili. Hakuwa anatafuta pesa wala parachichi la mtu. Alitaka kitu kimoja tu: mtu mwenye mamlaka asimame pale mbele ya binamu na watu wote aseme, miti hii ni ya mama huyu.

Nilikuwa nimekuja likizo, kwa hiyo nilimsindikiza. Mkuu wa kituo alikuwa mtu wa mbali, si wa milima yetu, mrefu, mpole, Kiswahili chake kimenyooka mpaka mama akawa anamtazama mdomo. Alitusikiliza bila kutazama saa. Kisha akaeleza. Akipigwa mtu, polisi watakuja. Akitishwa kwa panga, watakuja. Ikivunjwa nyumba yake, watakuja. Lakini nani ni mwenye mti, hilo si la polisi kuamua. Ni la mahakama ya ardhi. Mahakama ikitoa amri, yeye atakuja kuisimamia hata mvua ikinyesha. Bila amri, yeye hana upande.

Nilielewa, maana mimi nimesoma na nimefundisha watoto uraia kwa miaka. Mama hakuelewa, au alielewa kwa njia yake. Alifungua kikapu akatoa ncoolo.

Ncoolo ni kitita cha miraa, lakini si cha kuuza. Ni kile kilichochaguliwa kijiti kwa kijiti, kikafungwa kwa ustadi kwa ganda la mgomba, unachompelekea mtu unapoomba jambo zito. Ukienda kuposa unakibeba. Ukitaka wazee wakusikilize unakibeba. Na aliyekipokea amefungwa: hawezi tena kukuacha njiani, lazima asimame na jambo lako mpaka liishe. Mwanamke hakibebi. Mama alimlazimisha mchumaji wake mzee amfungie, na mzee alifunga huku akicheka, nadhani kwa kuogopa.

Mkuu wa kituo alirudi nyuma kidogo akasema haruhusiwi kupokea zawadi. Mama hakurudisha mikono. Alibaki ameinyoosha yote miwili, kitita juu yake, kichwa kimeinama, mwanamke wa umri wake. Yule bwana alinitazama. Nikaona aibu, nikamwambia si hongo, ni heshima tu ya kwetu. Akakipokea kwa mikono miwili, akakiweka dirishani kando ya birika la chai, akashukuru.

Njia nzima ya kurudi mama aliimba. Alifika akawasha moto akaponda mukimo wa viazi na mahindi wa watu kumi na sisi tuko wawili. Nikamwambia tutafute wakili, twende Meru mahakamani kabla mwezi haujaisha. Akaniambia haraka ya nini, na afande amepokea. Nilipomwambia kwamba yule hajui maana yake alinijibu kwamba mtu mzima hapokei kitu kwa mikono miwili bila kujua anachopokea. Tulizozana mpaka ugali wa jirani ukaiva. Mwishowe nilimpigia wakili kwa siri, na wakili akasema angejaribu kuwasilisha ombi haraka, lakini haraka ya korti naijua.

Binamu hakungoja mwezi uishe. Tulisikia mlio wa msumeno wa petroli tukiwa tunamenya viazi. Mama aliacha kisu, akapita chini ya ule waya, sketi ikachanika, na nilipomfikia alikuwa ameukumbatia mti mzee kuliko yote. Fundi wa msumeno, kijana kutoka Mikinduri, alizima mashine na kukaa juu ya kopo la mafuta, hataki lawama. Binamu alisimama kando mikono mfukoni. Mimi nilimwambia maneno ambayo siwezi kuyaandika, na mengine nilikuwa sijui kama ninayajua. Watu wakajaa. Vijana wawili wa upande wetu walikuja na mapanga, na hapo ndipo nikapiga simu kituoni.

Walifika upesi, na hilo niwape haki yao. Mkuu wa kituo mwenyewe alishuka garini. Kitu cha kwanza aliwaambia wale vijana wa mapanga warudi nyumbani, na wakarudi. Mama alipomwona, uso wake ulifunguka. Nimeuona uso ule mara chache maishani, na mara nyingine ilikuwa baba akirudi kutoka safari. Alitoa mkono mmoja kwenye mti akamwonyesha binamu kwa kidole, kama anayesema, sasa.

Mkuu wa kituo aliomba kuona hati. Binamu akaitoa. Akauliza kama kuna amri ya korti. Nikasema inakuja. Akauliza kama iko hapa. Nikatikisa kichwa.

Alimwendea mama taratibu na kuvua kofia. Maneno yake nayakumbuka yote.

"Mama, mimi nimekuja ili mtu asiumie hapa. Hilo naweza. Lakini shamba hili lina jina la huyu, na wewe uko ndani yake. Siwezi kumzuia asikate. Naomba utoke, ili nisilazimike kukutoa."

Mama akamjibu kwa sauti ya kawaida tu. "Lakini mwanangu, ulipokea."

Hakuelewa. Alinigeukia nimfafanulie, na mimi nikamfafanulia pale pale mbele ya watu maana ya kile kitita alichokiweka kando ya birika. Mtu mrefu vile alipungua mbele ya macho yangu. Alisema, "Mama, sikujua," na nadhani kweli hakujua. Lakini hakumwambia fundi aweke msumeno chini. Hakuwa na uwezo huo. Alimshika mama kiwiko, polepole, kama unavyomvusha mzee barabara, akamtoa mpaka upande wetu wa ua, na akasimama naye pale. Kisha msumeno ukawashwa.

Nimeliwaza jambo lile miaka yote hii, darasani, jikoni, nikiwa nasahihisha madaftari. Polisi alikuja kumlinda mama, na kweli alimlinda, hakuna aliyemgusa hata unywele. Lakini kwa kumlinda yeye asiumie, akamlinda na binamu akate kwa raha zake. Nilimchukia yule bwana siku ile, halafu nikamhurumia, halafu nikamchukia tena. Alikaa hadi mti wa mwisho ulipoanguka. Alipokuwa akiondoka alimwambia mama leteni amri, nitakuja mwenyewe. Mama alikuwa anatazama majani.

Amri ilikuja wiki iliyofuata. Wakili alinisomea kwa simu kwa furaha. Ilisema hali ibaki kama ilivyo mpaka kesi isikizwe, kila mmoja asivuke mpaka wa mwenzake, asikate, asichume, asing'oe chochote kwenye sehemu ile. Nikamuuliza hali ipi, wakili, maana miti imelala. Akasema basi ibaki hivyo hivyo. Nilicheka mpaka mwalimu mwenzangu akaniletea maji.

Na mkuu wa kituo alitimiza ahadi yake. Alikuja na askari wake, akaisoma amri kwa pande zote mbili, akamwambia binamu mbele ya watu kwamba akitia mche hata mmoja wa parachichi pale atalala ndani. Sheria ilikuwa imempa mkono, na sasa aliutumia wote. Muda mfupi baadaye akahamishwa.

Miraa haifi kwa kukatwa. Visiki vilichipua, vikatoa machipukizi mekundu, laini, mazuri kuliko yoyote niliyoyaona, na hakuna aliyeruhusiwa kuyagusa. Yakawa marefu, yakakomaa, yakageuka kuni. Kesi ikaahirishwa na kuahirishwa. Kila nilipokwenda kwa mama nilimkuta ameweka kigoda chake kando ya ua, anapukuchua mahindi huku anayatazama machipukizi yale. Nilimwambia aje akae nami Embu, kuna maji ya bomba na wajukuu. Akaniuliza nani atayatazama. Binamu naye aliacha kutusalimia. Akipita barabarani na mama yuko nje, aliinamisha kichwa kama anayetafuta kitu alichoangusha. Mama alinikataza kumtukana. Alisema mtoto wake amepotea tu, na mimi nikamjibu kwamba aliyepotea hana hati mfukoni.

Tulimzika mama mwaka jana, wakati wa mvua ndogo, upande wa chini wa nyumba, karibu na baba. Watu walikuja wengi, kutoka Laare, kutoka Maua, hata wachuuzi Waislamu wa sokoni waliokuwa wakimuuzia nyama walifika na kukaa viti vya mbele. Ibada ikiwa katikati nikainua macho, nikamwona binamu. Alikuwa upande wake wa ua, amesimama kati ya visiki, kofia mkononi, mvua inamnyeshea.

Damu ilinipanda. Niliwaacha watu wakiimba, nikaenda mpaka kwenye ua, nikatoa simu na kupiga kituoni mbele yake makusudi anisikie. Akapokea askari kijana, sauti ya heshima.

"Amekutisha, madam?"

Nikasema hapana.

"Amevuka mpaka? Ameharibu kitu?"

Nikasema hapana, amesimama tu.

"Amesimama wapi?"

Nikafungua mdomo. Kwa miaka yote ya kesi, kwa wakili, kwa walimu wenzangu, kwa mume wangu, nilikuwa nimeliita shamba lile la wizi, shamba la fitina, shamba la babu. Sasa maji yalikuwa yananitiririka shingoni, nyuma yangu wanaimba wimbo aliokuwa akiupenda mama, na kijana wa watu alikuwa anangoja nimjibu ukweli ili ajue la kuandika.

"Kwenye shamba lake," nikasema.

Askari aliusikia wimbo nyuma yangu, akauliza kama ni mazishi. Akanipa pole kwa msiba, akasema basi hapo hawana la kufanya, na akakata.

Binamu alikuwa amesikia. Hakujisifu. Alishika waya kwa mkono mmoja, ule waya alioufunga mwenyewe, na akatazama kule walikokuwa wakimshusha mama.

"Na miti ilikuwa yake," akasema. "Nilijua siku zote, dada. Sikumwambia."

Nikaushika waya upande wangu, nikauinua juu kadiri nilivyoweza, naye akainama akapita.